Shajara ya mradi: kuziokoa sauti za Kiarabu za Grendizer kutoka kwenye kanda za VHS

Januari: lengo na mipaka

Mradi huu unakusanya kitu kimoja: sauti za Kiarabu za UFO Robo Grendizer, katuni ya Kijapani ya roboti kubwa, kama zilivyorushwa na vituo vya televisheni na kurekodiwa na watu majumbani. Picha hatuikusanyi. Katuni za roboti kubwa za enzi ile zilipigwa fremu kwa fremu kwenye filamu, na nakala mama ziko Japani mikononi mwa wenye mali. Toei Animation, iliyotengeneza Mazinger Z (sehemu 92, kuanzia tarehe 3 Desemba 1972) na baadaye Grendizer (sehemu 74, tarehe 5 Oktoba 1975 hadi 27 Februari 1977), imezitoa upya kwenye diski. Filamu ya milimita 16 iliyotunzwa kwenye baridi inaweza kuskaniwa leo na ikaonyesha mistari ya mchoro ambayo televisheni ya mwaka 1975 haikuweza kuionyesha.

Sauti zilizoingizwa nje ya Japani hazina bahati hiyo. Grendizer ilifika Italia tarehe 4 Aprili 1978, ikafika Ufaransa kwa jina la Goldorak tarehe 3 Julai mwaka huohuo, na sauti za Kiarabu zikatengenezwa Lebanoni katikati ya vita vya wenyewe kwa wenyewe. Ni Kiarabu fasihi, si lahaja ya Beirut. Shujaa wake, Duke Fleed, anazungumza kwa sauti ya Jihad al-Atrash, na wimbo wa kufungulia umeimbwa na Sammy Clark. Nchi nyingi za Kiarabu ziliirusha, na wazungumzaji wa Kiswahili waliokulia Ghuba miaka ile wanamjua Grendizer kwa sauti hizo, hawamjui kwa Kijapani. Nakala za matoleo haya zinazozunguka mtandaoni nyingi zimepitia mikono mingi: zimebanwa, zimekatwa, kelele zimesafishwa kwa nguvu hadi herufi za s na sh zimeyeyuka. Kanda ya nyumbani iliyorekodiwa moja kwa moja kutoka hewani, hata ikiwa na mchakacho, mara nyingi ina sauti kamili kuliko faili hizo.

Pwani yetu inaingia hapa kwa sababu ya safari za watu. Tanzania bara haikuwa na kituo cha televisheni hadi mwaka 1994. Kabla ya hapo mwenye seti alikuwa anaangalia kanda. Kanda za Ghuba zilikuja na wenyewe Unguja, Mombasa na Dar es Salaam, na zikabaki kabatini. Joto na unyevu wa pwani ndio adui wa kwanza wa mradi huu.

Februari: kupokea na kuchambua

Kanda haichezwi siku inayoingia. Inawekwa mezani chini ya taa kali, na kinachotazamwa kwanza ni kingo za mkanda kupitia dirisha la kaseti. Kingo nyeusi zinazong'aa sawasawa ni dalili njema. Matuta yaliyochomoza ni mkanda uliozungushwa vibaya: unaweza kukunjika ukianza kuvutwa. Unga mweupe au nyuzi kama utando ni kuvu, na kanda hiyo inakwenda moja kwa moja kwenye mfuko uliofungwa.

Swali linalorudi kila mara ni kuhusu harufu ya siki. Harufu hiyo ni ugonjwa wa filamu ya asetati, ambayo ikiachwa kwenye joto inatoa asidi ya asetiki, inasinyaa na kujikunja. Mkanda wa VHS umejengwa juu ya poliesta na haupati ugonjwa huo. Kaseti ikinuka, ni kuvu au ni kabati ilimokaa.

Kuvu hukaushwa kwanza, kisha huondolewa. Hilo si la kubadilisha, kwa sababu kuvu bichi ukiigusa inasambaa na kuingia kati ya mizunguko, lakini iliyokauka inapukutika. Kaseti inakaa ndani ya kisanduku cha plastiki chenye vipakiti vya silika na kipima unyevu kidogo, hadi unyevu ushuke chini ya asilimia 40 na ubaki hapo. Ndipo kazi ifanyike kwa barakoa ya N95, nje au mbele ya kivuta vumbi chenye kichujio cha HEPA. Kivuta vumbi cha kawaida kinazirudisha chembe chumbani.

Kufungua kaseti ni skrubu tano za upande wa chini. Geuza kaseti ili dirisha litazame juu kabla ya kuinua kifuniko, la sivyo vijiti vya mwongozo na springi vitamwagika, na piga picha ya njia ya mkanda kabla ya kugusa chochote. Mkanda unazungushwa kwa mkono taratibu juu ya kitambaa kisichotoa nyuzi, kisha unahamishiwa kwenye ganda jipya. Ganda la zamani linahifadhiwa kwa ajili ya lebo yake. Lebo ni ushahidi: mwandiko, tarehe, wakati mwingine jina la kituo. Tunaiskani kwa nukta 600 kwa inchi kabla kanda haijaingia kwenye deki.

Kwa kanda zenye historia ya kuvu tumetenga deki moja. Kanda moja chafu ikiingia kwenye deki safi, kila kanda inayofuata inaambukizwa. Hedi, vichwa vidogo vinavyosoma mkanda, husafishwa kwa ngozi laini iliyoloweshwa alkoholi ya isopropili ya asilimia 99, ikiwa imetulia huku ngoma inayobeba hedi inazungushwa kwa kidole. Ukipeleka ngozi juu na chini unavunja hedi. Pamba za masikio hazitumiki kabisa, nyuzi zake zinanasa kwenye ncha.

Kabla ya kuingiza kanda yoyote hakikisha kile kipande cha plastiki cha nyuma kinachoruhusu kurekodi kimevunjwa. Kitufe kimoja kikibonyezwa bila kukusudia, dakika za sauti isiyopatikana kwingine zinafutwa milele.

Machi: kanda isiyo na rangi

Baadhi ya kanda zilitoa picha nyeusi na nyeupe kwenye deki ya PAL, mfumo wa rangi wa televisheni unaotumika kwetu. Kanda hizo hazijaharibika. Omani, Falme za Kiarabu na Kuwaiti zilitumia PAL kama Tanzania na Kenya. Saudia ilitumia mfumo mwingine wa rangi, SECAM, na deki za huko zilirekodi kwa namna inayoitwa MESECAM. Mistari ni 625 na picha ni 25 kwa sekunde kote kote, kwa hiyo deki ya PAL inaisoma kanda bila shida ila haielewi rangi zake. Kwa kuwa tunatafuta sauti, hatusubiri deki ya mifumo yote: sauti ya pembeni ya mkanda ni ileile. Rangi tunaiacha kwa programu, na hilo limeelezwa kwenye ingizo la Aprili.

Njia nyingine ya kujua kanda ilikorekodiwa ni mvumo wa umeme. Omani na Kuwaiti umeme wake ni wa 50 Hz, Saudia ni 60 Hz. Deki na televisheni za zamani ziliacha mvumo huo kwenye sauti. Kwanza cheza sehemu tupu ya kanda mpya ili ujue mvumo wa deki yako mwenyewe uko wapi. Kisha tazama spektra ya kanda iliyoletwa, yaani mchoro wa nguvu ya sauti kwa kila masafa. Ukiona kilele kwenye 60, 120 na 180 wakati umeme wa chumba chako ni wa 50, mvumo huo umetoka kule kanda ilikorekodiwa. Ukiona vyote viwili kwenye kanda huku deki yako iko safi, kuna uwezekano mkubwa kuwa kanda ni nakala ya nakala, na inashuka daraja kwenye foleni.

Aprili: kunasa

Kila kanda inachezwa kwa nia ya kupata kila kitu kwa mpigo mmoja. Vitu viwili vinarekodiwa sambamba.

Cha kwanza ni mawimbi ghafi ya hedi za picha, yanayochukuliwa ndani ya deki kabla saketi zake hazijayafasiri, na kupelekwa kwenye kifaa cha Domesday Duplicator kinachochukua sampuli milioni 40 kwa sekunde za biti 10. Hesabu yake ni baiti milioni 50 kwa sekunde, yaani gigabaiti 180 kwa saa kabla ya kubanwa. Programu ya vhs-decode inayafasiri mawimbi hayo baadaye kwenye kompyuta, na ndipo MESECAM inapopata rangi zake bila deki maalumu. Faida ya njia hii ni kwamba programu ikiboreshwa, mawimbi yaleyale yanafasiriwa upya na mkanda haurudi tena kwenye deki.

Cha pili, ambacho kwetu ndicho kiini, ni sauti ya mstari: wimbo wa upana wa milimita 1 kwenye ukingo wa mkanda, unaosomwa na hedi iliyosimama. VHS ya PAL inakwenda milimita 23.39 kwa sekunde tu, polepole kuliko nusu ya kaseti ya kawaida ya muziki, ndiyo maana sauti inaishia karibu 10 kHz. Kanda iliyorekodiwa kwa LP, mwendo wa kurefusha muda wa kanda, inakwenda nusu ya hapo na sauti yake inakuwa nzito kama inatoka nyuma ya pazia. Kwa upande mwingine, hedi za picha zikiziba na kioo kikajaa theluji, sauti hii bado inasikika, kwa sababu haitegemei ngoma inayozunguka. Usiitupe kanda kwa kuangalia picha yake.

Mwinamo wa hedi ya sauti unarekebishwa kwa kila kanda. Kila kanda ilirekodiwa na deki nyingine, na deki hiyo hedi yake ilikaa kwa mwinamo wake. Tofauti ndogo inakula sauti nyembamba zote. Weka alama ya rangi kwenye skrubu ili ujue pa kurudi, fungua spektra kwenye kompyuta, cheza sehemu yenye mazungumzo na zungusha bisibisi robo ya mzunguko huku na huku, taratibu. Herufi za Kiarabu zinasaidia sana: sīn, ṣād na shīn ndizo zinazoonyesha kama umefika. Sīn ikisikika kama thā, bado. Katika kanda moja yenye tangazo la kipindi kijacho, neno "Grendizer" lenyewe lilitosha kuwa kipimo, maana z yake ya katikati ilipotea kabisa skrubu ilipokuwa nje kidogo tu.

Sauti inanaswa kwa 96 kHz na biti 24, faili la WAV, kilele kisizidi −6 dB. Vichujio vyote vimezimwa, hata kile cha sauti kukaa sawa ambacho kadi nyingi za sauti hukiwasha zenyewe.

Tatizo kubwa la mwezi huu lilikuwa saa. Kifaa cha picha na kadi ya sauti kila kimoja kina saa yake ndani, na saa hizo haziendi sawa. Tofauti ya sehemu 50 kwa milioni inazaa sekunde 0.18 kwa saa moja, ambazo ni fremu nne na nusu. Midomo inaanza kuachana na maneno kabla ya kanda kufika mwisho. Dawa ni saa moja kuendesha vifaa vyote viwili; asiye na uwezo huo apige kibao cha ishara mwanzo na mwisho wa kunasa, yaani mlio mfupi unaoingizwa kwenye njia zote mbili, kisha arekebishe kwa hesabu.

Mei na Juni: kasi

Sehemu hii imechukua nafasi kubwa kwa sababu ndiyo inayoharibu kazi nyingi za watu wengine.

Filamu inakwenda fremu 24 kwa sekunde. Televisheni ya PAL na SECAM inahitaji 25. Njia rahisi, na ndiyo iliyotumika zaidi, ni kuicheza filamu kwa 25 bila kusema kitu. Kipindi cha dakika 24 kinaisha kwa dakika 23 na sekunde 2, na kila sauti inapanda kwa zaidi kidogo ya theluthi moja ya toni: toni 0.35, yaani noti la 440 Hz linasikika 458. Watoto wa Ghuba waliisikia hivyo na kuizoea hivyo. Lakini ukitaka kuiweka sauti ile juu ya picha safi ya Kijapani, lazima irudishwe.

Swali la kwanza ni kama kanda uliyonayo ilipitia njia hiyo kweli. Toleo lililotengenezwa kutoka kwenye mkanda wa video wa NTSC, mfumo wa televisheni wa Japani na Marekani, lilipita kwenye mashine ya kubadilisha mfumo, na mashine hiyo haigusi kasi. Ukirudisha kasi ambayo haikuwahi kupandishwa, unapata Duke Fleed mwenye sauti ya mzee. Jibu liko kwenye picha, na hii ndiyo sababu nyingine ya kunasa picha hata kama hatuitaki. Chagua tukio ambalo roboti inapita haraka mbele ya anga tupu na usogeze fremu moja moja. Kila fremu ikiwa kavu, yenye mchoro mmoja tu, filamu ilichezwa kwa 25. Ukiona mchoro wa kivuli juu ya mwingine, mkono mmoja uliokolea na mwingine hafifu pembeni yake, mashine ilichanganya picha za NTSC kupata 25, na kasi ya sauti ni ya asili. Aina zote mbili zimo kwenye masanduku yetu, na tumeziona zote mbili kwenye kaseti moja, kwa sababu mwenye kaseti alirekodi kituo kimoja leo na kingine mwakani.

Ikithibitika ni 25, amri ya programu ya sauti ya sox ni fupi:

sox ingizo.wav toleo.wav speed 0.96

Neno speed linashusha kasi na kimo cha sauti pamoja, kama kupunguza mwendo wa mkanda wenyewe. Usitumie tempo, ambayo inashusha kasi peke yake na kuacha kimo juu. Inafanya hivyo kwa kukata sauti vipande vidogo na kuviunga, na maungio hayo yanasikika kwenye muziki wa vita.

Halafu kuna mtego wa pili. Picha nyingi za diski za Japani na Marekani hazina 24 kamili, zina 23.976, yaani 24 mara 1000 gawanya kwa 1001. Ukitumia 0.96 juu ya picha ya namna hiyo, mwanzo unakaa sawa na mwisho wa dakika 24 umeachana kwa sekunde 1.44. Kwa picha hizo namba sahihi ni 0.95904.

Jinsi ya kuona kosa bila kubahatisha: chukua sauti ya Kiarabu iliyorekebishwa na sauti ya Kijapani ya diski, zifanye zote mono, chuja zibaki 200 Hz hadi 4 kHz, kisha linganisha madirisha ya sekunde 30 kila baada ya sekunde 10 na uchore tofauti ya muda. Ulinganifu unafanya kazi pale muziki wa nyuma na milipuko ni ileile kwenye matoleo yote mawili. Pale penye mazungumzo matupu unapata nukta za ovyo, ziache. Mchoro unasomeka wenyewe. Mstari ulalao ni kazi iliyokamilika. Mteremko wa milisekunde moja kwa kila sekunde ni lile kosa la 1001. Ngazi ni mahali kituo kilipokata: tukio limeondolewa, tangazo limeingizwa, au mwenye kaseti alibonyeza kusitisha akachelewa kuachia. Mawimbi yanayopanda na kushuka ni mkanda wenyewe uliovutika, na hayo hayarekebishwi kwa namba moja. Yanahitaji ramani ya kasi kipande kwa kipande, na mara nyingi ni afadhali kutafuta kanda nyingine ya sehemu ileile.

Ngazi hazizibwi. Kituo kilipokata tukio, Kiarabu cha tukio hilo huenda kimo kwenye kanda ya nchi nyingine, na mpaka kipatikane pengo linabaki pengo, limeandikwa kwenye jedwali kwa muda wake. Kuna wanaojaza kwa Kijapani ili mtazamaji asishtuke. Kwa nakala ya kutazama nyumbani haina neno. Kwa hifadhi, inamficha mtafiti ukweli kwamba kituo fulani kilikata kitu.

Julai: namba na majina

Namba za sehemu ndizo zinazovuruga hifadhi nyingi za katuni hizi. Marekani ilipoigeuza Mazinger Z kuwa Tranzor Z mwaka 1985, sehemu 92 zikawa 65. Kifurushi cha katuni za roboti cha Force Five, cha hukohuko Marekani, kilichukua sehemu 26 tu za Grendizer, sawa na kila mfululizo mwingine ndani yake. Robotech ya mwaka 1985 iliunganisha mifululizo mitatu isiyohusiana, Macross, Southern Cross na Mospeada, ikapata sehemu 85. Voltron ilichanganya GoLion na Dairugger. Hata Gundam ya mwaka 1979, yenye sehemu 43, iliingia Marekani bila sehemu ya 15. Mtu akiandika "sehemu ya 20" bila kusema ya toleo gani, hajasema kitu.

Kwa hiyo kila faili linaanza na namba ya mpangilio wa kurushwa Japani na tarehe yake, kisha lugha, kisha alama ya kanda. Namba ya toleo la Kiarabu inakaa kwenye jedwali, haikai kwenye jina. Majina ya wahusika yanaandikwa jinsi yanavyosikika katika Kiarabu, kwa herufi za Kiarabu, na mbele yake jina la Kijapani; usilichague moja ukalifuta lingine. Kwa majina na tarehe za Kijapani tunafuata hifadhidata ya sanaa za vyombo vya habari iliyoanzishwa na Wakala wa Utamaduni wa Japani.

Kanda zinapokuwa mbili za sehemu moja, tunachagua. Wapo wanaochanganya sauti za kanda mbili ili kelele zipungue, na kwa hesabu kelele zinashuka kwa 3 dB. Lakini kanda mbili hazitulii pamoja hata sekunde chache. Unachopata ni sauti yenye mwangwi wa bomba. Kanda bora inakuwa ya msingi, ya pili inajaza pale ya kwanza ilipokatika, na kila ungio lina muda wake kwenye jedwali.

Kelele za faili mama hazisafishwi. Nakala ya kusikiliza inaondolewa mvumo wa 50, 100 na 150 Hz na kila kilicho chini ya 80 Hz. Basi. Usafishaji mkali unaacha sauti ya majimaji nyuma ya maneno, na hauwezi kutenduliwa.

Agosti: kuhifadhi

Kila kanda inakuwa folda moja ya BagIt, mpango wa kufunga faili pamoja na orodha ya kuzikagua: mawimbi ghafi yaliyobanwa kwa FLAC bila kupoteza kitu, WAV ya sauti, picha za lebo, jedwali la mapengo, na orodha ya namba za SHA-256 za kila faili, zinazoonyesha kama faili limebadilika. Nakala ni tatu: diski mbili za kampuni tofauti mahali tofauti, na ya tatu nje ya nchi. Diski za kampuni moja zilizonunuliwa pamoja zinaelekea kufa pamoja. Kila miezi sita orodha ya namba inapitishwa upya. Faili moja lisipolingana linarudishwa kutoka kwenye nakala iliyo nzima, na diski husika inaondolewa.

Kutuma kwa intaneti tumeacha. Saa moja ya mawimbi ghafi yasiyobanwa, kwa mstari unaopakia megabiti 5 kwa sekunde, inachukua saa 80, na hapo umeme haujakatika. Diski ndani ya sanduku lenye sifongo inafika mapema.

Majedwali, ramani za kasi na maelezo ya lebo, ambayo ni mepesi, yanapakiwa Internet Archive kwa programu ya ia, tukitumia --checksum ili faili lililokwisha kufika lisirudiwe na --retries kwa mstari unaokatika. Kitambulisho cha kila mkusanyo kifikiriwe mapema, maana kikishatengenezwa hakibadilishwi. Na pasiwe mahali pekee: Oktoba 2024 Internet Archive ilishambuliwa na tovuti ikawa nje ya hewa kwa siku kadhaa, na waliokuwa na nakala moja tu, iliyoko huko, walikaa wakisubiri.

Septemba: haki, na kinachofuata

Sauti zenyewe haziwekwi hadharani. Sheria ya Japani inalinda kazi za filamu miaka 70 baada ya kutolewa, kwa hiyo sehemu za mwaka 1975 ziko chini ya ulinzi hadi mwisho wa 2045 na za mwisho hadi 2047. Waigizaji wa sauti na watunzi wa nyimbo nao wana haki zao. Isitoshe, Grendizer bado ni mali hai: mfululizo mpya, Grendizer U, ulitoka mwaka 2024. Kinachowekwa wazi ni ramani za kasi na majedwali ya mapengo, ambayo mwenye diski halali na kanda yake mwenyewe anaweza kuyatumia kuunganisha. Faili mama zinakaa kwenye hifadhi iliyofungwa, tayari kukabidhiwa mwenye haki anayezihitaji.

Japani kwenyewe kazi ya hifadhi inakwenda vizuri upande wa picha na karatasi. ATAC, shirika lisilo la faida lililoanzishwa mwaka 2017 chini ya uenyekiti wa Hideaki Anno, linahifadhi vifaa vya katuni na tokusatsu (filamu za Kijapani za madoido maalumu), na kituo cha Sukagawa, Fukushima, kilifunguliwa mwaka 2020. Chuo Kikuu cha Niigata kina mkusanyo wa karatasi za utengenezaji. Sauti zilizorekodiwa Beirut na kurushwa Ghuba zinahitaji watu wa huku kuzitafuta.

Kuna jambo moja la adabu lisilojadiliwa. Kaseti nyingi hazina katuni peke yake: baada ya Grendizer inafuata harusi, maulidi au watoto wakicheza uani. Sehemu hiyo haiingii kwenye hifadhi. Inanaswa, inawekwa kwenye diski ndogo, na inarudishwa kwa familia pamoja na kaseti.

Pengo kubwa kwa sasa ni nusu ya pili ya mfululizo, hasa sehemu za mwaka 1977, ambazo tunazo kwa LP tu. Kinachotafutwa ni kanda za SP (mwendo wa kawaida) zilizorekodiwa kutoka hewani, ziwe na lebo au zisiwe nayo. Mwenye kanda asiicheze kwanza ili kuhakikisha, asiirudishe mwanzo, asiifute vumbi kwa kitambaa chenye maji, na asiiweke kwenye friji. Aisimamishe wima ndani ya mfuko safi, aiweke mbali na spika, na aandike pembeni mji na mwaka anaodhani ilirekodiwa.